Vyura wa bwawa langu Mwatate: ni nususpishi tatu au ni chura mmoja?

bwawa_la_nyuma
Hamjambo wote. Nina bwawa dogo nyuma ya boma huku Mwatate, nililichimba kwa ajili ya ng'ombe, na ukingoni pameota matete. Swali langu ni la wale vyura wadogo wanaokaa juu ya matete, si hawa wakubwa wa matopeni.

Vuli ikianza, giza likiingia tu, wanaamka. Mlio wao ni mfupi na mkali, kama mtu anayegonga chupa kwa kijiko, na wakishakuwa wengi hata redio husikii. Nikienda na tochi napata wa aina mbili. Mmoja ana rangi, mgongo madoadoa, na akinyoosha mguu unaona wekundu pajani na vidoleni kama aliyekanyaga rangi ya mlango. Wa pili ni kahawia tu, ana mstari hafifu kila ubavu. Ukubwa ni ule ule.

Sasa Februari, jua la kukausha mate, nilikuwa nakata nyasi za kuezekea banda nikamkuta wa tatu. Mweupe kama chaki, hafiki hata ukucha wa kidole gumba changu, amejibana juu ya bua kavu saa saba mchana. Nikajua amekufa. Nikamgusa kwa kijiti, akafungua jicho moja akanitazama, basi.

Kijana wangu amesoma kwamba chura huyu ana nususpishi nyingi, yaani matawi ya spishi moja, anasema tatu kati yake ziko bwawani kwangu. Mimi sikubali. Bwawa lenyewe ni hatua ishirini!

tomoko
Huyo mweupe ni yule wa kutengeneza povu kwenye matawi juu ya maji, mzee. Naye kiangazi huwa mweupe. Wala si wa ukoo huo.

mshika_tochi
Tomoko, wa povu anajaza kiganja. Mzee amesema ukucha. Hapo umekosea mti.

Mzee, shikamoo. Mimi sina cheti cha mambo haya, nilikuwa nawashikia tochi na ndoo watafiti waliokuja milimani kwetu, lakini niliuliza maswali mengi mpaka wakanichoka. Hao wako wote watatu ni spishi moja, ya nyumbani kabisa: jina lake la kitaalamu ni Hyperolius glandicolor, na Peters, mtaalamu wa wanyama wa Berlin, alimwandika mwaka 1878 kwa vyura waliookotwa na msafiri Mjerumani Hildebrandt huko huko Taita.

Kahawia na mwenye rangi ni chura mmoja. Wote hutoka majini wakiwa kahawia. Majike wakikomaa huvaa rangi. Madume wengine huvaa, wengine hubaki kahawia maisha yao yote na bado wanalia na kupata majike. Kwa hiyo mwangalie kooni: akiwa na kifuko cha sauti ni dume, hata awe na rangi ya udongo.

Mweupe ndiye niliyempenda zaidi. Huyo ni mtoto wa mvua iliyopita. Vyura wa aina nyingine wengi hujificha ardhini au kwenye magome, yeye anakaa juani waziwazi. Anakunja miguu chini ya tumbo ili ngozi inayopigwa na hewa iwe ndogo, na ngozi yenyewe inabana maji hayatoki. Mkojo hamwagi. Taka ambazo angezitoa nao anazigeuza kuwa chembe ndogo ndogo zinazopangwa ndani ya ngozi kama vioo, ndizo zinazomfanya mweupe na kurudisha jua lilikotoka. Fikiria, chura anajipaka chokaa kwa uchafu wake mwenyewe! Mzee, ukimkuta tena usimwondoe. Kila akiruka anapoteza maji ambayo hana pa kuyapata mpaka mvua.

bwawa_la_nyuma
Marahaba. Nilimhamishia kivulini nikidhani namsaidia. Haya, na hizo nususpishi ni uongo?

mshika_tochi
Si uongo, ila haziishi hivyo. Nususpishi ni watu wa ukoo mmoja waliogawana nchi. Zikikutana bwawa moja zinaoana, na watoto wanachanganyika. Kundi hili lote limetapakaa toka Ethiopia mpaka Afrika Kusini, kila eneo na vazi lake: huku mistari, kule madoa. Wataalamu wa zamani waliliita spishi moja, Hyperolius viridiflavus, yenye nususpishi kwa makumi. Miaka ya 2000 ilipoanza wengine wakapima DNA, wakasema livunjwe liwe spishi kadhaa. Bado wanavutana, ndiyo maana kila kitabu kina jina lake. Mimi nikiulizwa nasema kwanza niambie umemwona wapi.

muheza_kwetu
Kweli kabisa. Huku kwetu tuna wa aina hiyo hiyo aliyepewa jina mariae, waliomwandika ni wataalamu Barbour na Loveridge mwaka 1928, kwa chura wa Derema, Usambara. Vitabu vingine vinamwita spishi, vingine nususpishi. Chura mwenyewe hajaulizwa.

Mzee, tahadhari moja: ukiona mayai yamebandikwa kwenye jani juu ya maji, huyo ni mwingine, wala usimhesabu humo. Hawa wenu hutaga majini.

bwawa_la_nyuma
Nimerudi. Jana imenyesha, saa tatu usiku nikamwita kijana, nikampa tochi ashike yeye. Tumetafuta mpaka viatu vikajaa maji. Kwenye tete la tatu kutoka bomba tukamkuta jike mwenye madoa, na mgongoni kabebwa dume. Kahawia.

Kijana akaangalia kwa muda, akasema "sawa baba", akazima tochi tukarudi gizani.