Antivairasi ya ofisini inafuta DLL halali ya Microsoft, na wakala anatuambia tuongeze RAM

Wakuu, heshima yenu. Mimi ni fundi ninayehudumia kompyuta za ofisi moja ya uhasibu hapa Area D, Dodoma. Malalamiko yangu yanahusu programu ya ulinzi ambayo wateja wangu waliilipia leseni ya mwaka mzima, kisha ikawageuka katika wiki ya kuwasilisha ritani za VAT, ambazo kila mfanyabiashara anajua kuwa mwisho wake ni tarehe 20.

Antivairasi hiyo ilijisasisha usiku. Asubuhi programu ya hesabu ilikataa kufunguka, ikafuata ya mishahara, kisha ya skana, na kila moja ikatoa kisanduku kilekile kinachosema kwamba vcruntime140.dll haipo. Kwa asiyelijua faili hilo, ni DLL, yaani maktaba ya pamoja ya msimbo, kutoka Microsoft ambayo programu zilizoundwa kwa Visual C++ (zana ya Microsoft ya kuundia programu) huitumia kwa ushirika, na ndiyo maana likiondoka hilo moja zinaanguka nyingi kwa mkupuo. Nililikuta karantini, yaani pale antivairasi inapofungia mafaili inayoyashuku, limebandikwa jina la virusi. Kwenye kompyuta iliyokuwa imezimwa usiku huo faili bado lilikuwepo, nikaangalia sahihi yake ya kidijitali, inayothibitisha aliyelitoa: ni ya Microsoft, na ni halali. (Mtakaotaka kulikagua kwenu, ndani ya folda ya Windows, la biti 64 linakaa System32 na la biti 32 linakaa SysWOW64, aliyepanga majina hayo anajua mwenyewe alichokusudia.)

Nilipakua kifurushi cha Visual C++ kutoka tovuti ya Microsoft na kukisakinisha upya. Faili likarudi, na kabla sijafunga dirisha la usakinishaji likakamatwa tena. Kinachoudhi zaidi ni kwamba antivairasi yenyewe ina nakala yake ya faili lenye jina hilohilo ndani ya folda yake, toleo tofauti kidogo, na hiyo haikuguswa. Yeye anaendelea kufanya kazi vizuri kabisa wakati wengine wote wamelala.

Kulitoa faili karantini kunahitaji nywila ya dashibodi, yaani ukurasa wa kuiendesha antivairasi, na nywila anayo wakala aliyetuuzia, aliyeko Dar es Salaam. Jibu lake la kwanza lilikuwa tuongeze RAM. La pili lilikuwa baya zaidi: tuiondoe folda nzima ya System32 kwenye ukaguzi. Huyu ni mlinzi anayemkamata mwenye nyumba, na akilalamikiwa anashauri geti libaki wazi.

Sikatai kwamba DLL zinapaswa kukaguliwa. Wahalifu huweka DLL bandia kwenye folda ya programu halali kwa sababu programu nyingi huitafuta hapo kabla ya kwenda System32, na antivairasi isiyoliona hilo haina faida. Lakini faili lililoko mahali pake, lenye sahihi halali ya mtengenezaji wa mfumo wenyewe, si kesi hiyo, na kosa la namna hii si geni. Novemba 2008 antivairasi ya AVG iliiona user32.dll ya Windows XP kuwa virusi, na kompyuta za waliokubali ifutwe zikashindwa kuwaka. Tarehe 21 Aprili 2010 McAfee nayo ikaikamata svchost.exe, ambayo kazi yake ni kubeba huduma za Windows zilizomo ndani ya DLL. Kampuni inayouza ulinzi leo haina kisingizio cha kutolinganisha faili na orodha ya mafaili ya Microsoft kabla ya kulifuta.

Kwa hiyo ninataka wakala huyo, ambaye ninajua anasoma humu, atukabidhi nywila ya dashibodi tuliyoilipia, atupe maelezo ya maandishi kuhusu sasisho lile, na aweke masasisho yajayo yaanze kwenye kompyuta moja ya majaribio kabla ya kusambaa ofisi nzima. Mafundi wa Dodoma, Singida na Iringa mliokumbana na jambo hili, wekeni hapa toleo la antivairasi yenu na picha ya ukurasa wa karantini, ili asije akasema tena kwamba tatizo ni la ofisi moja yenye RAM ndogo.