Mnaoandika vita vya ngome, nani aliwadanganya kwamba ukuta huanguka kwa mapigo matatu?

Wakuu, leo sina salamu ndefu. Nimechoka na riwaya na filamu ambamo jeshi linafika mbele ya ngome asubuhi, mizinga inalia mara tatu, ukuta unavunjika kama biskuti, na jioni shujaa ameshakalia kiti cha mfalme. Aliyeandika hajajiuliza mizinga ilifikaje pale, baruti ililetwa na nani, wala kwa nini waliojenga ukuta wa mita kadhaa unene walijisumbua hivyo. Huu uzi ni wa malalamiko, na nitalalamika kwa hesabu.

Tuanze na trebusheti, mtambo wa kurusha mawe kwa mkono mrefu unaovutwa na uzito mkubwa, maana ndiyo inayoonewa kuliko zote. Kwenye filamu inakokotwa hadi uwanjani, inarusha mawe yanayowaka moja baada ya jingine, huku ikielekezwa kushoto na kulia wapendavyo. Mtambo wenye sanduku la tani 10 za mawe na udongo hauelekezwi hivyo. Fremu nzima hutegwa ikabili kipande kimoja cha ukuta, na kuisogeza hata hatua moja kunataka watu wengi wenye mitaimbo. Jiwe la kilo 100 huenda mita 200 na kitu, kwa hiyo mafundi wako ndani ya shabaha ya wapiga mishale na lazima wajengewe kinga ya mbao. Mawe nayo huchongwa, hayaokotwi tu. Likizidi au kupungua kilo chache, linaangukia pengine kabisa, na hapo huwezi kugonga mahali pamoja mara 50, jambo ambalo ndilo lengo lenyewe. Kombeo linalobeba jiwe linaachia kwenye ndoano iliyo kwenye ncha ya mkono wa mtambo. Ndoano ikipinda kidogo, jiwe linapaa juu na kuwarudia wenyewe, au linachimba ardhi hatua chache mbele. Mvua ikinyesha, kamba zinabadilika urefu na fundi anaanza upya kutafuta shabaha. Haya yote ni vitushi vya kuandikia sura nzima, lakini mwandishi anataka jiwe la moto tu.

Na visa vya kweli vipo! Mwaka 1304, Edward I wa Uingereza alipoizingira ngome ya Stirling kule Scotland, aliagiza risasi, ile metali, ing'olewe kwenye mapaa ya makanisa ili itumike kama uzito wa mitambo yake. Mtambo mkubwa kuliko yote uliitwa Warwolf. Waliokuwa ndani walitaka kusalimu amri kabla haujatumika. Mfalme akakataa hadi kwanza aone unavyofanya kazi. Ni mtunzi gani amewahi kubuni jambo la kikatili na la kitoto kwa pamoja kama hilo?

Sasa mizinga ya baruti. Hapa ndipo hasira yangu ilipo.

Mzinga wa fundi Orban, ambao Waosmani waliupigia Constantinople mwaka 1453, ulirusha tufe la jiwe la zaidi ya nusu tani. Masimulizi ya wakati ule yanataja ng'ombe 60 na watu 200 wa kuukokota kutoka Edirne, na wengine wakitangulia kutengeneza barabara na madaraja. Ulipofika, ulipigwa kama mara saba kwa siku. Saba! Katikati ya pigo moja na jingine walinzi walikuwa na muda wa kutosha, na usiku walijaza mapengo kwa magogo, mapipa ya udongo na chochote kilichopatikana. Mji ulizingirwa tangu tarehe 6 Aprili hadi 29 Mei, na mzinga ule haukuwa peke yake. Kulikuwa na mingi midogo iliyogonga ukuta bila kupumzika. Halafu mtu anaandika kwamba "mzinga mkuu ulifyatuliwa, lango likasambaratika". Lango lipi? Pigo la kwanza la mzinga mpya hata shabaha halina.

Mizinga ile pia ilikuwa inaua wenyewe. James II, mfalme wa Scotland, alikufa mwaka 1460 kwenye kuzingirwa kwa Roxburgh kwa sababu mzinga ulipasuka akiwa karibu nao. Iliyotengenezwa kwa mapao ya chuma yaliyobanwa kwa pete ilikuwa na viungo vingi, na kila kiungo ni mahali pa kupasukia. Ya shaba ya kuyeyusha iliaminika zaidi, lakini bei yake ni ya kifalme.

Upakiaji ndio usiseme. Mnaandika "pakia! fyatua!" kwa sekunde nne. Mzinga wa kupakiwa mdomoni, baada ya kupigwa, kwanza unasuguliwa ndani kwa sifongo lenye maji kwenye mti mrefu, maana kuna vipande vya moto vimebaki. Mtu mwingine wakati huohuo ameziba tundu la kuwashia kwa kidole gumba chenye ngozi, hewa isipite ikachochea moto. Kisha baruti, kisha kizibo, kisha tufe, na kizibo tena pale mtutu unapoelekea chini, yote yakishindiliwa. Kisha mfuko wa baruti unatobolewa kupitia tundu, baruti laini inawekwa juu, mzinga unasukumwa mbele hadi mdomo utokeze, unalengwa, watu wanakaa pembeni kwa sababu utarudi nyuma kwa nguvu ya kuvunja miguu, na ndipo utambi unagusishwa. Sifongo likiwa kavu, au aliyeziba tundu akiondoa kidole mapema, baruti inawaka wakati wa kushindilia na mshindiliaji anapoteza mikono. Hiyo ndiyo ajali ya kila siku ya kazi hii.

Na jamani, tufe la chuma tupu HALILIPUKI. Linapiga, linadunda, linakata miguu. Kinacholipuka ni kombora lenye tumbo la baruti na utambi wake, na kwa kawaida lilirushwa kwa mota au hauiza, mizinga ya mtutu mfupi inayorusha juu. Utambi ukikatwa mfupi linapasukia hewani, ukiwa mrefu linatua chini na mwenye roho ngumu anaweza kulimwagia maji.

Njooni sasa kwenye pengo la ukuta. Mwandishi anapiga katikati ya ukuta, au juu kwenye vinara, kwa sababu panapendeza. Ukipiga juu unapata vumbi na mawe machache. Wataalamu walikata chini: mstari wa kulala, kama theluthi moja ya kimo kutoka mguuni, tufe pembeni ya tufe. Ukishaingia ndani ya kutosha, unakata mistari ya kusimama kwenye ncha zake mbili, kisha mizinga yote inapiga pamoja katikati mpaka kipande kianguke kwa uzito wake chenyewe. Siri ni kifusi. Ukuta ukianguka vizuri, mawe yanamwagika mbele na kuziba sehemu ya handaki linaloizunguka ngome, unapata mteremko ambao askari anaweza kuupanda akiwa na bunduki mkononi. Ukikata juu mno, sehemu ya chini inabaki imesimama, na watu wako wanafika mbele ya ukuta mfupi ambao bado ni mrefu kuliko wao.

Hesabu yake? Chukua mizinga 10 ya ratili 24, yaani inayorusha tufe la uzito huo. Tufe lake ni kilo 11 hivi, baruti ya kila pigo tuseme kilo 3.6, yaani theluthi ya uzito wa tufe. Kila mzinga ukipiga mara 100 kwa siku, umetumia karibu tani 11 za chuma na tani 3.6 za baruti. Gari la farasi likibeba nusu tani, ni magari 29 kwa siku moja. Sijaweka chakula cha farasi wenyewe. Kazi ya kukata pengo inaweza kuchukua siku kadhaa. Sasa niambie, jeshi la shujaa wako lililopita msituni kwa siri kwa siku mbili lilibeba wapi vitu hivyo?

Mizinga mibovu nayo inaharibu kila kitu. Waingereza walipoizingira Badajoz, mji wa Hispania ulioshikwa na Wafaransa, mwaka 1811 walitumia mizinga ya shaba ya karne ya 17 iliyotolewa ngome ya Elvas, Ureno. Tufe halikukaa sawa kwenye mtutu, mwanya ukawa mkubwa, nguvu ikapotea na shabaha ikayumba. Na shaba ikipata joto la kupigwa mfululizo hulainika. Wakashindwa. Mwaka 1812 wakarudi na mizinga ya chuma, wakafungua mapengo matatu, na usiku wa tarehe 6 Aprili wakayavamia. Mnadhani waliingia? Wafaransa walikuwa wamefunga mapengo kwa magogo yaliyochomekwa mapanga, wakatega mabomu chini ya kifusi, wakachimba mahandaki mengine nyuma yake. Maiti zilijazana pale mbele. Mji ulichukuliwa na waliopanda kwa ngazi sehemu nyingine, kwenye kasri na kwenye ngome ya San Vicente, ambako shambulio lilikuwa la kuwababaisha tu walinzi. Yaani hata pengo likiwa tayari, kazi haijaisha.

Na kabla ya hayo yote kuna jembe na sepeto, kitu ambacho hakuna riwaya inayotaka kukigusa. Mzinga wa kukata ukuta lazima ufike karibu, na ngome nayo ina mizinga. Kwa hiyo unachimba. Vauban, mhandisi wa kijeshi wa Ufaransa, alipanga kazi hii vizuri kuliko wote, na Maastricht mwaka 1673 ilianguka chini ya wiki mbili tangu mahandaki yafunguliwe. Handaki la kwanza linazunguka sambamba na ngome, kama mita 600 kutoka kwake, na linafunguliwa usiku, watu wengi kwa mpigo, kimya, ili kukikucha kila mtu awe ameshajificha. Kutoka hapo unasonga mbele kwa kona kona. Kila kona hupimwa hivi: ukiurefusha mstari wake kwa macho, lazima upite nje ya ngome. Ukikosea, mzinga mmoja wa ukutani unafagia handaki zima kutoka mwanzo hadi mwisho. Katikati ya njia unachimba handaki sambamba la pili, na la tatu mguuni kabisa, ambako askari watakusanyika.

Karibu na ngome wachimbaji wanakwenda wanne wanne. Wa kwanza anasukuma mbele tenga kubwa lililoshindiliwa fito, anachimba mfereji wa nusu mita tu, upana na kina, na kupanga matenga matupu ubavuni anayojaza udongo. Kila mmoja wa watatu walio nyuma anaongeza kama sentimita 15 za upana na kina. Wa mbele ndiye anayekufa, kwa hiyo wanapokezana. Nipeni riwaya moja yenye watu hawa wanne na mimi nitainunua bila kuuliza bei.

Kuchimba chini ya ukuta nitapita haraka: unachimba, unategemeza kwa nguzo za mbao, unachoma nguzo. Mfalme John wa Uingereza aliagiza nguruwe 40 wanono, mafuta yao yachochee moto wa aina hiyo kwenye ngome ya Rochester mwaka 1215. Kona ya mnara ikaanguka, lakini walinzi walirudi nyuma ya ukuta wa ndani wakaendelea kupigana. Kilichowatoa ni njaa.

Njaa na maradhi ndivyo vilivyoteka ngome nyingi. Fort Jesus pale Mombasa, ngome ya Wareno, ilizingirwa na Waomani tangu Machi 1696 hadi Desemba 1698. Miezi 33. Misaada ilikuja kwa meli na bado watu waliisha kwa magonjwa hadi wakabaki wachache wa kuhesabika. Ukuta ulikuwa bado umesimama.

Kuna kundi jingine linalonikera: wapenzi wa mizinga mikubwa ya karne ya 20. Kwao, mzinga ukiwa mkubwa basi vita imekwisha. Ule wa Wajerumani uliopiga Paris mwaka 1918 kutoka zaidi ya kilomita 100 ulikula mtutu wake wenyewe; makombora yalipewa namba na kila lililofuata lilikuwa nene kidogo kuliko lililotangulia, kwa kuwa mtutu ulikuwa unapanuka. Ukichanganya namba umeharibu mzinga. Na Dora, mzinga mwingine wa Wajerumani, wenye mtutu wa kipenyo cha sentimita 80, kule Sevastopol mwaka 1942 haukufikisha mapigo 50. Haukuweza kugeuka, ulisogezwa kwenye reli zilizopinda ili kubadili mwelekeo, na maelfu ya watu walihitajika kutandika reli, kuulinda na kuuhudumia. Ulilipua ghala la makombora lililokuwa chini ya ghuba, sawa. Sasa pima gharama.

Iliyofanya kazi kweli ni hauiza za Wajerumani za sentimita 42 huko Liège, Ubelgiji, Agosti 1914, na sababu yake si ukubwa peke yake. Kombora lilipanda juu na kushuka wima juu ya paa la zege lisilo na nondo, lililojengwa kuhimili makombora ya sentimita 21. Tarehe 15 Agosti ghala la baruti la ngome ya Loncin likalipuka. Ngome nyingine zilishindwa kwa hewa: moshi na vumbi ndani, mtu hawezi kupumua.

NYONGEZA: Naona kuna waliokwisha kusema hapo chini "mkuu, ni hadithi tu, achana nayo". Sikatai joka. Weka joka. Lakini joka lako linakula, linachoka na linahitaji pa kulala, na umeyaandika hayo kurasa tatu. Mzinga wako haujapewa hata gari la baruti.

NYONGEZA 2: Aliyeuliza kuhusu mafuta ya moto juu ya ukuta: mafuta yalikuwa ghali na ndani ya ngome ni chakula. Maji ya moto, mchanga uliokaangwa unaoingia ndani ya deraya, chokaa ya kupofusha macho, na mawe. Mawe zaidi kuliko vyote. Na wa tufe jekundu la moto, hilo lipo kweli, Gibraltar tarehe 13 Septemba 1782 liliteketeza meli za Wahispania na Wafaransa zilizogeuzwa kuwa ngome za mizinga zinazoelea. Unashindilia baruti, kizibo kikavu, kizibo kilicholoweshwa, ndipo tufe kutoka kwenye tanuru, na unapiga upesi. Ukisahau hicho kilicholoweshwa, usiandike sura inayofuata.