Baridi ya usiku Chicago: modeli ya Ulaya, ya Marekani, ama nilipie programu?

Mwana_Katuba
Wakubwa, salamu toka Lubumbashi. Kaka yangu anaishi Chicago, anabeti kwenye masoko ya utabiri, yale ya kukisia baridi ya usiku itashuka hadi ngapi. Anafanya kazi usiku, hana nafasi, kwa hiyo kuchungulia utabiri ameniachia mimi. Ijumaa anataka jibu: tushike modeli ya kompyuta ya hali ya hewa ya Ulaya (ECMWF), ya Marekani (GFS), ama tulipie programu moja ya dola 25 kwa mwezi, ambayo wanasema haikosei? Hizo 25 zinatoka mfukoni mwangu. Ipi nzuri?

Fundi_Namba
Nzuri kwa kazi gani? Hujasema soko, hujasema kituo cha kupimia, hujasema mnaweka dau jioni ileile ama siku mbili kabla. Na "haikosei" amesema nani, muuzaji?

Mwana_Katuba
Kituo gani tena? Si nimesema Chicago.

Fundi_Namba
Chicago si kipimajoto, mdogo wangu. Kuna O'Hare, uwanja wa ndege wa kaskazini-magharibi: ndicho kituo rasmi cha jiji tangu 1980. Kuna Midway, kusini-magharibi, uwanja uliozungukwa na nyumba pande zote. Kalshi, soko la utabiri la Marekani, wanalipa kwa namba ya Midway, ile inayotoka kwenye ripoti ya kila siku ya National Weather Service, idara ya hali ya hewa ya Marekani. Usiku wa anga safi usio na upepo, viwanja hivyo viwili vinaweza kupishana nyuzi kadhaa, na kisanduku cha dau, yaani namba unazokisia, kina upana wa nyuzi mbili tu za Fahrenheit. Chukua modeli bora duniani, isome kwenye kituo kisicho chako, halafu uje utuambie.

Shangazi_Bukavu
Hapo amesema. Kwetu ukilala Muhumba, kando ya ziwa, shuka moja inatosha. Panda Walungu usiku huohuo, utatafuta koti la marehemu babu yako. Simu inaandika namba moja kwa wote. Na hao wa Chicago si wana ziwa pia? Uliza kituo kiko umbali gani na maji kabla ya kuuliza modeli.

Kijana_Ruashi
Mimi nalipia programu, sijuti. Inanipigia kengele joto likianza kushuka, sihitaji kukodoa macho kwenye ramani. Muda nao ni pesa.

Fundi_Namba
Muda wenyewe uko humu tangu asubuhi. Programu nyingi za kulipia zinachota modeli hizihizi za bure na kuzipaka rangi. Muulize muuzaji akupe utabiri wake wa siku 30 zilizopita kwa Midway, si kwa "Chicago". Akibabaika, umeokoa dola 25.

Mwana_Katuba
Nimemuuliza kaka: ni Kalshi, ni Midway. Dau anaweka jioni.

Fundi_Namba
Sasa tunaongea. Kwa jioni ileile, mimi GFS ningeiacha. Inatoka mara nne tu kwa siku, na jicho lake ni pana, halioni vitu vidogo. Tazama HRRR, ya Marekani pia: inatoka upya kila saa na inagawa nchi kwa vipande vya kilomita 3. ECMWF naipenda siku mbili tatu kabla, lakini si kwa jibu lake moja. Wana mkusanyiko wa majaribio 51 ya utabiri uleule. Hesabu mangapi yanaangukia kisanduku chako. Yakiwa 18 kati ya 51, hiyo ni kama asilimia 35. Soko likiuza kwa senti 50 tiketi inayolipa dola moja ukipatia, kaa kimya, kunywa chai. Kisha tazama mawingu, upepo, na kiwango cha umande (joto ambalo umande huanza kutokea), maana joto likikifikia, kasi ya kushuka inapungua. Na kama theluji mpya imefunika ardhi na anga ni safi, usishangae baridi ikizipita modeli zote.

Mzee_Kamalondo
Acheni modeli kidogo. Mimi niliumizwa na saa.

Mwaka jana niliweka dola 40 kwenye soko moja, kisanduku cha 26 hadi 27, Chicago hiyohiyo. Wakati wa baridi tuko mbele yao saa nane, kwa hiyo alfajiri yao ni mchana kwetu. Nilikaa dukani kwangu, pale ninapochajia watu simu, nikiangalia kipimo. Saa tisa alasiri kikafika 27, kikasimama, jua la kwao likachomoza, kikaanza kupanda. Bei ya kisanduku changu ikaruka hadi senti 93. Mtoto wangu akasema, papa, uza. Nikamwambia usiku wa watu umeisha, niuze nini? Nikamtuma akanunue kuku. Siku ile hatukula sombe.

Kumbe ripoti haihesabu usiku. Inahesabu siku, toka saa sita usiku mpaka saa sita usiku nyingine. Sisi tumelala huku, kule kwao jioni upepo ukageuka, baridi ikaingia toka kaskazini-magharibi. Saa tatu kwao ikawa 24, saa tano ikawa 22. Nimeamka umeme umekatika, simu imezima. Nimekuja kuiwasha saa nne, kisanduku ni sifuri. Mifupa ya kuku ilikuwa bado kwenye sahani.

Mwana_Katuba
Pole sana mzee. Saa tatu ya Kiswahili ama ya Kifaransa?

Mzee_Kamalondo
Ya Kiswahili! Usiku, 21 ya Wazungu. Watoto wa siku hizi.

Shangazi_Bukavu
Muacheni aulize. Kwetu mtu alikosa basi kwa swali hilohilo.

Fundi_Namba
Mzee amesema jambo ambalo programu haitawaambia. Nami naongeza lingine. Ukiona vipimo vya kila dakika tano vya Midway vinasema -7 ya Selsiasi, usikimbilie kuandika 19. Mashine inapata nyuzi nzima ya Fahrenheit, inaigeuza Selsiasi na kuisogeza hadi namba nzima iliyo karibu, halafu tovuti inaigeuza tena. 19 ni -7.2, na 20 ni -6.7, zote mbili zinatoka -7. Kama kisanduku kimoja kinaishia 19 na kingine kinaanzia 20, umesimama mlangoni. Kila baada ya saa sita ripoti ya uwanja hutoa kiwango cha chini chenye desimali. Ukikuta 21067 (2 ni alama ya kiwango cha chini, 1 ni hasi), hiyo ni -6.7, yaani 20. Ukikuta 21072, ni 19.

Mtu_wa_Jumapili
Mnasomesha kijana kamari kwa desimali. Na akaunti ina jina la nani, pesa ya nani? Siku ndugu wawili wakigombana, HRRR itawapatanisha?

Mwana_Katuba
Akaunti ni ya kaka. Tukipata tunagawana nusu.

Mtu_wa_Jumapili
Na mkikosa?

Mama_Bustani
Mimi sibeti ila baridi naijua. Nina nyanya kwenye dembo, bondeni penye majimaji, upande wa Kafubu. Mwezi wa saba simu iliniambia nyuzi 8 za Selsiasi. Asubuhi nikakuta majani yamelegea, meusi, kama mtu ameyamwagia maji ya moto. Jirani yangu wa juu kidogo, hata mita mia mbili hazifiki, zake nzima. Baridi inatiririka kama maji, inalala kwenye shimo. Siku hizi natandika majani makavu juu ya miche, na jioni naning'iniza kipimajoto cha soko kwenye mti palepale chini. Simu nampigia shangazi tu.

Kijana_Ruashi
Mama, majani makavu yanatosha kweli? Mimi niliambiwa nailoni.

Mama_Bustani
Nailoni ikigusa jani, jani linaungua palepale. Weka vijiti, iinue.

Mwana_Katuba
Kaka amepiga simu. Anasema Ijumaa tujaribu bila pesa kwanza, wiki mbili, tuandike kwenye daftari. Lakini ya programu anasema bado niitafute, hiyo 25. Sijui kwa nini.

Mtu_wa_Jumapili
Muulize akikosa.

Mzee_Kamalondo
Mama Bustani, nyanya za sasa, na mvua hii, ndoo ni ngapi?