Watu wa milima ya Andes wanaweka vipi akiba ya chakula kwenye baridi ile?

Mdadisi_wa_Makete: Wakuu salama? Kuna jamii za Waaymara na Waquechua huko Peru na Bolivia, wanaishi pembeni ya ziwa Titicaca, ziwa lenyewe liko mita 3,800 na kitu juu ya usawa wa bahari. Msimu wa baridi usiku barafu inashika nje. Wanategemea viazi sana, sasa wanavitunzaje visiharibike mpaka msimu mwingine?

BabaNeema: Mkuu baridi hiyohiyo ndo inawasaidia. Mwezi wa 6 na wa 7 wanatandaza viazi chini nje, usiku vinaganda, mchana jua kali linaviyeyusha, wanarudia hivyo siku kadhaa halafu wanavikanyaga kwa miguu peku maji yatoke na maganda yabanduke, ndo wanaanika. Vinakuwa vyeusi, vyepesi, vinaitwa chuño na vinakaa miaka bila kuoza. Kuna vingine vikishaganda vinalowekwa mtoni wiki kadhaa vinatoka vyeupe, hivyo ni tunta. Na kuna viazi vya huko juu kabisa vinavumilia baridi ila ni vichungu vina sumu, bila kazi hiyo havilika. Mimi hapo ndo nawavulia kofia wale wazee wa zamani aisee.

Shangazi Rehema: Na ukishuka huko chini msitu wa Amazon utakuta akili ileile kwenye muhogo mchungu. Wanawake wa mto Rio Negro huko Brazil wanaukwangua, wanaujaza kwenye mfuko mrefu wa kusukwa unaoitwa tipiti, wanauning'iniza na kuuvuta mpaka maji yenye sumu yachuruzike, unga wanaoka mkate mkubwa bapa. Yale maji nayo hawamwagi, wanayachemsha muda mrefu sumu inaisha yanakuwa mchuzi. Muhogo wetu si umetoka hukohuko, Wareno waliuleta Afrika kutoka Brazil karne ya 16, na sisi ule mchungu tunauloweka na kuuanika ndo tuule.

Mdadisi_wa_Makete: Asanteni sana, nimeelewa. Ila huko juu wanaishi na viazi tu? Mahindi wanatoa wapi?

BabaNeema: Wanabadilishana na watu wa mabondeni. Zamani walikuwa wanashusha misafara ya llama, mnyama wa huko wa jamii ya ngamia ila mdogo, kila mmoja kabeba kama kilo 25 hivi, chumvi, chuño na nyama kavu, wanarudi na mahindi. Siku hizi malori yameichukua sehemu kubwa ya kazi hiyo. Chuño lakini bado ipo, nenda soko lolote la mji wa La Paz, Bolivia, utaikuta kwenye magunia, wanailoweka usiku kucha asubuhi inaingia kwenye supu.