Hukumu ya Kiswahili, Kilatini cha nini?

Mzalendo wa Korogwe: Wakuu, tangu 2021 sheria inatamka kwamba lugha ya mahakama Tanzania ni Kiswahili. Safi. Sasa juzi nimesoma hukumu ya shauri la ardhi, Kiswahili kimenyooka vizuri, mara paap: ex parte, locus standi, res judicata. Mdaiwa mwenyewe mkulima wa mahindi. Kuna ubaya gani kuandika "shauri lilisikilizwa upande mmoja", "hana haki ya kushtaki", "jambo hili lilishaamuliwa"? Mimi nasema Kilatini kiondoke chote. Leteni hoja, matusi hapana.

Wakili Mdogo: Mkuu, "hana haki ya kushtaki" siyo locus standi. Mtu anaweza kuwa na haki zake zote, ila kwenye jambo hilo mahususi hana maslahi. Ukikosea hapo mteja wako kaliwa. Halafu unalalamikia Kilatini huku "jaji", "korti" na "kesi" asili yake hukohuko, vimepitia tu kwa Mwingereza. Hata herufi ulizoandikia ni za Warumi. Anza kurudisha herufi za watu.

Karani Mstaafu: Mahakama za mwanzo zimeendeshwa kwa Kiswahili miaka yote, mawakili hawaruhusiwi kutia mguu mpaka juzijuzi. Watu walishinda, walishindwa na walifungwa vizuri tu bila locus standi.

Binti Amu: Ati "rudisha herufi"? Sisi wa Lamu tulikuwa na zetu, kaka. Utendi wa Tambuka uliandikwa 1728 kwa herufi za Kiarabu, na Krapf, yule mmisionari aliyekiandika Kiswahili kwa herufi za Kirumi, hajafika Mombasa hadi 1844. Nyanya yangu aliandika barua, madeni ya duka na majina ya dawa kwa herufi hizo. Watu wa sensa walipokuja wakamwandika hajui kusoma. Mwanamke anayewasomea majirani barua zao! Hilo ndilo la kujadili.

Mzalendo wa Korogwe: Dada, mada ni mahakama.

Karani Mstaafu: Mwache aseme. Ila binti yangu, tuwe wakweli. Kiarabu kina irabu tatu, sisi tano. Na herufi moja, be, ilibeba b, p na mb. "Pata", "bata" na "mbata" zote zikaandikwa sawa. Umeagiza mbata, unaletewa bata anapiga kelele.

Binti Amu: Mzee wangu, watu waliongeza nukta wakaitenga p na b, kama Waajemi walivyofanya kitambo. Na hizo herufi zako za Kirumi zinamwandika paa wa mwituni sawa na paa la nyumba, wakati Mombasa sauti ni mbili. Hilo hulicheki, sivyo?

Wakili Mdogo: Paa anaeleweka kwa muktadha.

Binti Amu: Na bata je, haeleweki kwa muktadha?

Chapa Kazi: Nacheka peke yangu kwenye daladala. Mrumi herufi alizitoa kwa Waetruski, wao kwa Wagiriki, hao kwa Wafoinike, na za Kiarabu ukizifuata nyuma zinafika kwa Wafoinike haohao. Mnagombea shamba la babu mmoja.

Mtoto wa Chuoni: Chapa Kazi usichanganye mambo. Kiarabu ni lugha iliyokamilika, hakijaazima kwa Mrumi hata neno. Sisi tumepata maneno safi: wakili, hakimu, dhamana.

Chapa Kazi: Hata neno? Sabuni ni sapo. Kandili ni candela. Kasri ni castrum. Dinari ni denarius. Hayo yote yalifika kwa Mwarabu kwanza ndiyo yakaja kwetu. Leo ukioga, mshukuru Mrumi.

Mtoto wa Chuoni: Toa dharau. Unaongea na watu waliosoma.

Chapa Kazi: Imam Suyuti naye hakusoma? Aliorodhesha maneno yenye asili ya kigeni ndani ya Qur'ani, na alifariki 1505, kabla ya Mzungu yeyote kutufundisha isimu.

Mtoto wa Chuoni: Wanazuoni walihitilafiana katika hilo, usichukue upande mmoja.

Wakili Mdogo: "Upande mmoja" ndiyo ex parte hiyo 😂

Nesi wa Zamu: Hospitali tulishavuka huko. Fistula ni Kilatini kitupu, maana yake bomba, na hadi mabibi vijijini wanaisema. Kansa na saratani mnagombana bure: Mgiriki aliuita ugonjwa kaa, yule wa baharini, Mrumi akatafsiri cancer, Mwarabu saratani. Mgonjwa ataelewa lolote ukimweleza kwa upole. Kinachonikera mimi ni "kirusi". Kirusi ni lugha ya Moscow!

Karani Mstaafu: Nesi hapo nakupinga. Mwarabu alisema kitab, tukaona ki-, tukazaa vitabu. Ikaja virus, tukaona vi-, tukazaa kirusi. Lugha hai hutafuna namna hiyo.

Nesi wa Zamu: Nami wodini nitaendelea kusema "virusi" hata akiwa mmoja.

Chapa Kazi: *Akiwa* mmoja? Virusi ana roho?

Nesi wa Zamu: Wewe shuka kwenye daladala kwanza.

Mzalendo wa Korogwe: Jamani. Mdaiwa na mahindi yake anasubiri. Nipeni Kiswahili cha locus standi.

Wakili Mdogo: "Maslahi ya kisheria katika shauri."

Binti Amu: Maslahi, kisheria, shauri. Yote matatu Kiarabu. Karibuni Amu.

Mtoto wa Chuoni: Takbir!

Mzalendo wa Korogwe: Mimi nilitaka Kibantu.

Wakili Mdogo: Kisemee basi, tukisikie.