Kang'oa mwani wa mama wa watu akajifanyia ndevu!!!

Wakuu, nimeizima sasa hivi na mikono inatetemeka. Ile filamu ya visiwa vyetu, mnaijua, ile yenye nembo ya hoteli kila ukipepesa jicho. Na yule mtangazaji wake mnamjua, siliandiki jina lake.

Kafika Paje maji yamekupwa. Mama kainama, anafunga mbegu za mwani kwenye kamba kwa taitai, vile vikamba vidogo, vidole vimebabuka kwa chumvi. Jamaa hata salamu hakutoa. Kapita juu ya kamba na mabuti yake, kachomoa fungu changa, kaliweka kidevuni, kacheka, KALITUPA. Ndevu! Rimoti niliyoirusha nadhani imefika Chumbe.

Lile ni shamba! Mwani unalimwa Unguja tangu 1989. Unafunga, unangoja kama wiki sita, unavuna bamvua, unaanika, unauza kwa kilo. Watoto wamesomeshwa kwa kamba zile. Bahari imepata joto, ile aina ya cottonii yenye bei inakufa, wanabaki na aina ya spinosum ya bei ya kutupa. Angemuuliza hilo! Mama hakupewa hata neno moja, anatazama tu jasho lake likielea. Nimeirudia pale, kajifanyia ndevu tena. Mtu mzima!

Karafuu Kavu: Nyie angalau mmekanyagwa. Pemba tumepigwa picha ya droni, kwaheri. Karafuu nyingi za Zanzibar zinatoka kwetu na hatukuonyeshwa hata jamvi moja la kuanikia!

Pweza wa Nazi: Mtoa mada umeirudia tena? Hoteli ikupe chumba sasa 😂😂

Mwana Amu: Lamu ni punda, machweo, punda. Mji wa kale umo kwenye urithi wa dunia tangu 2001, watu wanaishi mle, hajahojiwa hata fundi mmoja wa milango.

Karafuu Kavu: Punda wenu kaongea kuliko Pemba nzima.

Mnazi Mmoja: Na ule muziki? Forodhani usiku unapigiwa ngoma za kuwinda simba! Taarabu yote ile imekosa nini?

Mtoa mada: Jamani, NDEVU! Mbona mnalipita?

Pweza wa Nazi: Tumeziona shehe, kanyoe.

Karafuu Kavu: Watalii wenyewe watafikaje Pemba kwa boti hizi? Juzi tumewekwa bandarini Mkoani tangu alfajiri, hakuna wa kutuambia kitu.

Mwana Amu: Boti unaniambia mie? Njoo upande boti yetu ya Mokowe, koti la kuokolea maisha lina kamba moja.

Mnazi Mmoja: Lenu lina kamba?