Keki ya Lane ya Alabama: krimu ya viini, na namna ya kuipika bila wiski

Mpishi wa Huntsville aliuliza:

Wapenzi wa mapishi, habari zenu. Ninaishi Huntsville, kaskazini mwa jimbo la Alabama, Marekani, na mwaka huu majirani wameniomba nioke Keki ya Lane kwa ajili ya chakula cha Krismasi cha mtaa. Bibi mmoja wa hapa, ambaye umri haumruhusu tena kusimama jikoni kwa muda mrefu, amenikabidhi kadi yake ya mapishi iliyoandikwa na marehemu mama yake. Kwa asiyeifahamu, hii ni keki nyeupe ya matabaka manne inayookwa kwa ute wa mayai bila viini. Viini hivyo hupikwa pamoja na siagi na sukari kuwa krimu nzito, ikatiwa zabibu kavu, nazi, kokwa za pekani na wiski, kisha ikapakwa kati ya tabaka na tabaka. Nje huvikwa aisingi nyeupe.

Kadi yenyewe ni fupi mno. Kuhusu krimu inataja viini 8, kikombe kimoja cha sukari na nusu kikombe cha siagi, kisha inasema tu ipikwe mpaka iwe nzito na isiachwe kukorogwa. Ningependa kujua dalili za hakika za kuiva kwake kabla viini havijakatika. Jambo jingine ni kwamba miongoni mwa wageni kuna familia za Kiislamu, mojawapo ikitokea Mombasa, nami sipendi kuweka mezani keki ambayo baadhi ya wageni wangu hawataweza kuigusa. Je, wiski ikiondolewa, mahali pake pawekwe nini? Vilevile, mtu mmoja mtaani ameniambia kwamba nazi na pekani hazikuwemo katika keki ya mwanzo. Kama ni kweli, nifuate kadi au nifuate asili? Mwisho, nina vyombo viwili tu vya kuokea, vya inchi 9, ilhali matabaka ni manne.

Mwokaji wa Georgia alijibu:

Dada, hongera kwa kuaminiwa kadi hiyo, maana huku Kusini mwa Marekani kadi ya mapishi ya mama haitolewi ovyo. Nianze na krimu, kwa sababu hapo ndipo kazi yenyewe ilipo.

Tia viini na sukari kwenye bakuli la chuma na uvipige papo hapo. Usiache sukari ikae juu ya viini bila kukorogwa hata kwa dakika chache, kwani sukari huvuta maji ya kiini na kuacha vipunje vigumu ambavyo haviyeyuki tena. Vikishapauka rangi, mimina siagi iliyoyeyushwa na kupoa kidogo, kisha weka bakuli juu ya sufuria ya maji yanayotokota polepole, sehemu ya chini ya bakuli isiguse maji. Wapishi wa zamani waliipika krimu hii moja kwa moja juu ya jiko, lakini hao walilijua jiko lao. Wewe tumia mvuke, utakuwa na nafasi ya kutosha ya kuiwahi.

Koroga kwa mwiko bapa unaofika kwenye pembe za bakuli, kwa kuwa viini huanza kuganda pembeni kabla ya katikati. Mwanzoni utaona krimu nyepesi yenye povu juu. Povu hilo likianza kutoweka, na mwiko ukaanza kuacha njia nyuma yake, fahamu kwamba umekaribia na usiondoke hapo kwa sababu yoyote. Ukiwa na kipimajoto, lenga nyuzi kati ya 75 na 80 za Selsiasi; ukiikaribia 85 unajitafutia mabonge. Ukikosa kipimajoto, inua mwiko, pitisha kidole mgongoni mwake, na kama mstari ule unabaki wazi bila krimu kuteremka na kuufunika, imeiva. Iepue mara moja na uichuje. Usingoje iwe nzito kama jamu ikiwa bado motoni, maana ikipoa itazidi kuwa nzito yenyewe.

Zabibu kavu zikatwe ndogondogo kwa mkasi, kwani zikiwekwa nzima tabaka la juu huteleza na kisu huzikokota wakati wa kukata. Pekani zikaushe kwenye oveni kwa nyuzi 175 kwa dakika 7 au 8 mpaka zinukie, zipoe kabisa, ndipo uzikate; ukiruka hatua hii zitalainika ndani ya krimu na ladha yake itapotea.

Kuhusu vyombo viwili, usiwe na wasiwasi. Beking pauda ya siku hizi hufanya kazi kwa sehemu kubwa pale inapopata joto, kwa hiyo unaweza kuoka matabaka mawili kwa dakika kama 20 huku nusu ya mchanganyiko ikisubiri kwenye jokofu. Pima mchanganyiko kwa mizani ili matabaka yalingane, na upoze vyombo kabla ya kuvitumia tena. Jihadhari na unga pia. Keki za Kusini zimezoea unga wa ngano laini wenye protini kidogo, kama ule wa White Lily ulioanzia Knoxville, Tennessee, mwaka 1883. Ukiwa na unga wa kawaida, toa vijiko viwili vya mezani katika kila kikombe na uweke kiasi kilekile cha wanga wa mahindi. Ute wa mayai uache kuupiga ukiwa bado unang'aa, uuchanganye kwa awamu tatu, tena kwa mkono mwepesi.

Msomaji wa Kadi za Kale alijibu:

Aliyekwambia kuhusu nazi na pekani amesema kweli. Keki hii ni ya Emma Rylander Lane, mwenyeji wa Clayton, Alabama, ambaye alishinda nayo zawadi ya kwanza katika maonyesho ya Columbus, jimbo la Georgia, na kwa sababu hiyo akaiita Keki ya Zawadi. Mwaka 1898 aliiweka katika kitabu cha mapishi alichokichapisha kwa gharama zake mwenyewe. Krimu yake ilikuwa na viini 8, kikombe kikubwa cha sukari, nusu kikombe cha siagi, kikombe cha zabibu kavu zilizotolewa mbegu na kukatwakatwa, wiski au brandi ya kujaza glasi moja ya mvinyo, pamoja na vanila. Hakuna zaidi ya hayo. Glasi ya mvinyo kwa vipimo vya wakati ule ilikuwa takriban mililita 60. Matabaka aliyaoka katika sahani za pai zilizotandikwa karatasi ya kaki isiyopakwa mafuta.

Nazi, pekani na cheri ziliingia baadaye, mikononi mwa wapishi wa majumbani, na kizazi baada ya kizazi cha watu wa Alabama kimekula keki yenye vitu hivyo. Bunge la jimbo lilipoitangaza Keki ya Lane kuwa kitindamlo rasmi cha Alabama mwaka 2016, wengi walikuwa wanaifahamu kwa sura hiyo. Kwa hiyo mimi nakushauri ufuate kadi bila kusita. Umeombwa kuoka keki ya nyumba ya bibi huyo, na mama yake alipoongeza nazi alikuwa anafanya walichofanya wapishi wote wazuri wa Kusini. Ila tu usiichanganye na keki ya Lady Baltimore, ambayo nayo ni nyeupe na ina zabibu na pekani, lakini ile matunda na kokwa huingia ndani ya aisingi yenyewe, na haina krimu ya viini.

Umm Salim, Muscat, alijibu:

Assalaam alaykum, dada yangu. Nimefurahi kuona umewakumbuka wageni wako mapema, kwa sababu wengi hudhani kwamba pombe ikishaingia kwenye mapishi hutoweka yote kwa moto. Haitoweki yote hata ikipikwa, na katika keki hii hali ni nzito zaidi: wiski hutiwa baada ya krimu kuepuliwa, kwa hiyo karibu yote hubaki. Tafadhali angalia na vanila. Arki ya vanila inayouzwa Marekani, kwa mujibu wa sheria ya huko, lazima iwe na pombe isiyopungua asilimia 35. Tafuta vanila ya unga, au pasua ganda la vanila ukwangue mbegu zake.

Badala ya wiski tumia juisi ya zabibu, lakini usiimimine tu kama ilivyo, kwani utaongeza maji na utamu mahali ambapo tayari pana utamu mwingi. Chemsha kikombe kimoja cha juisi hiyo mpaka ibaki robo kikombe, loweka humo zabibu kavu usiku kucha, na asubuhi ongeza kijiko cha mezani cha maji ya limau na maganda ya chungwa yaliyokunwa. Kazi kubwa ya wiski katika krimu ya namna hii ni kuukata utamu na kutoa harufu. Limau litafanya ile ya kwanza na chungwa litafanya ya pili. Wala usione kwamba unaiharibu keki ya wenyewe. Familia nyingi za Kibatisti za huko Kusini, ambazo pombe haiingii nyumbani kwao, zimekuwa zikiioka kwa juisi ya zabibu kwa miaka mingi.

Ningependelea uoke keki moja isiyo na wiski, badala ya kutenga nusu na nusu. Visu na sahani huchanganyika mezani, na mgeni asiwekwe katika hali ya kuulizauliza.

Mpishi wa Huntsville aliandika:

Nawashukuru sana nyote. Nimemweleza bibi kuhusu juisi ya zabibu na amekubali kwa moyo mweupe. Amesema dada yake aliioka hivyohivyo maisha yake yote. Nitabaki na nazi na pekani kama kadi inavyosema. Limebaki suala la aisingi, na la siku: niiandae mapema kiasi gani?

Mwokaji wa Georgia alijibu:

Aisingi ya keki hii ni ya shira. Chemsha sukari kikombe kimoja na nusu na maji nusu kikombe mpaka ifike nyuzi kati ya 115 na 118. Bila kipimajoto, dondosha tone kwenye maji ya baridi: likikusanyika kuwa kidonge laini kinachobonyea kati ya vidole, epua. Anayejua kupika shira ya visheti atakuwa anaifahamu hatua hii, ila hapa unaepua mapema, kabla haijafika kiwango cha kuganda nyeupe. Imimine kama uzi juu ya ute wa mayai matatu uliokwisha kupigwa, mashine ikiendelea kuzunguka, na usiiruhusu iguse waya za mashine kwa sababu itarukia ukingoni mwa bakuli na kuganda hapo. Endelea kupiga mpaka bakuli lipoe. Mayai hayo matatu yatenganishe siku ya kupika krimu, na viini vyake vitatu vitie humo pamoja na vile 8, havitaidhuru. Siku ya mvua au ya unyevu mwingi aisingi hii haikauki vizuri, kwa hiyo tazama hali ya hewa.

Kuhusu siku, Bi. Lane mwenyewe aliandika kwamba keki hii huwa bora zaidi ikitengenezwa siku moja au mbili kabla ya kuliwa, na yeyote aliyewahi kuila siku ileile na kuila tena kesho yake atakubaliana naye. Krimu hupata muda wa kuingia ndani ya matabaka, na zabibu hulainika. Basi panga matabaka na krimu yake siku mbili kabla, funga keki vizuri, na kwa kuwa yako haina wiski, iweke kwenye jokofu bila mjadala. Aisingi ipake asubuhi ya siku yenyewe, maana ikikaa muda mrefu hutoa maji. Itoe kwenye jokofu saa moja kabla ya kuandaa meza ili siagi ya ndani ilainike, na ukate vipande vyembamba kwa kisu kilichochovywa katika maji ya moto na kupanguswa kila baada ya kipande.